Upendeleo au Hatua za Makusudi? Uhakiki wa Istilahi za Kiswahili katika Mjadala wa Ubaguzi na Haki ya Kijamii

Ikisiri

Makala hii inahakiki istilahi ambazo Kiswahili kinatumia kutajia sera za kuwainua watu waliobaguliwa katika elimu, ajira na uwakilishi. Hoja yake kuu ni kwamba neno lililozoeleka zaidi, yaani upendeleo, huamua mjadala kabla haujaanza, kwa sababu hukiweka chanzo cha sera moyoni mwa mtoaji badala ya kukiweka katika madhara aliyotendewa mpokeaji. Uhakiki unaanzia Marekani, ambako mjadala huu umefikia hatua mpya tangu mwaka 2023, kisha unaangalia Tanzania, Rwanda, Burundi na Uganda. Inabainishwa kuwa Ibara ya 13(5) ya Katiba ya Tanzania ina istilahi na fasili inayofaa, ijapokuwa ina pengo linalohitaji kuzibwa. Inapendekezwa kwamba istilahi hatua za makusudi itumike katika tafsiri za sheria na sera za ukanda huu, ikiambatana na vipimo viwili vinavyopendekezwa mwishoni.

Maneno ya msingi: istilahi, ubaguzi, upendeleo, hatua za makusudi, haki ya kijamii

1.0 Utangulizi

Tarehe 29 Juni 2023, Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kwamba Chuo Kikuu cha Harvard na Chuo Kikuu cha North Carolina vilikiuka sheria kwa kuzingatia rangi ya mwombaji katika udahili. Majaji 6 waliafiki uamuzi huo. Waliopinga walikuwa 2 katika shauri la Harvard na 3 katika shauri la North Carolina. Kwa uamuzi huo, njia iliyokuwa imeachwa wazi tangu mwaka 1978 ilifungwa.

Mtu anayeieleza habari hiyo kwa Kiswahili hukutana na swali moja kabla ya maswali yote ya kisheria: kilichokomeshwa kinaitwaje? Neno linalotangulia kufika ulimini ni upendeleo. Wengine hulipunguza makali kwa kusema upendeleo maalumu, na wengine husema ubaguzi chanya. Lakini katika Kiswahili cha kila siku, kusema kwamba mahakama imekomesha upendeleo ni kuipongeza mahakama hiyo. Mwalimu akituhumiwa kwa upendeleo hujitetea kwa kukana; hasemi kwamba upendeleo wake ni halali. Kwa hiyo msikilizaji huwa amekwishapewa hukumu kabla ya kuusikia ushahidi.

Suala hili haliwahusu wanaistilahi peke yao. Mwezi Julai 2022 Baraza la Mawaziri la Uganda liliridhia utekelezaji wa uamuzi wa Jumuiya ya Afrika Mashariki wa kukifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi. Kadiri sheria na sera za nchi wanachama zinavyotafsiriwa, ndivyo istilahi moja itakayochaguliwa na mfasiri leo itakavyoingia katika kanuni za udahili, matangazo ya ajira na mijadala ya mabunge kesho. Neno likikosewa, raia atakayesoma sheria kwa Kiswahili hatasoma sheria ileile iliyotungwa.

2.0 Kilichomo ndani ya neno

Upendeleo ni nomino itokanayo na kitenzi pendelea, ambacho nacho kimenyambuliwa kutoka penda. Mnyambuliko huo una matokeo ya kimaana. Ukiuliza kwa nini fulani alipewa nafasi, na jibu likawa alipendelewa, sababu yote inakaa kwa aliyetoa: alitaka, alimpenda, aliegemea upande wake. Historia ya aliyepewa haimo. Haijulikani kama alikuwa amezuiwa, amenyimwa shule au amefungiwa mlango kwa miaka mingi. Neno hili linafaa sana kumtaja ofisa anayemwajiri mpwa wake. Likitumiwa kwa sera ya kufidia madhara, linaiweka sera hiyo katika kapu moja na ofisa huyo.

Istilahi ubaguzi chanya ina kasoro nyingine. Inakiri kosa kwanza, kisha inaomba msamaha. Kitenzi bagua kilikuwa na maana pana ya kutenga na kuchambua, lakini nomino ubaguzi, baada ya historia ya ukoloni na ya Afrika Kusini, imebaki na maana ya uovu. Kivumishi chanya, ambacho wengi wamekizoea katika hesabu na sayansi, hakina uzito wa kuugeuza uovu huo kuwa wema. Wapinzani wa sera hizi hawahitaji kujenga hoja nyingine. Wanahitaji tu kuirudia istilahi ya watetezi wake.

Asili ya istilahi ya Kiingereza, affirmative action, haiungi mkono tafsiri yoyote kati ya hizo mbili. Istilahi hiyo ilikuwamo katika sheria ya Marekani ya mahusiano kazini ya mwaka 1935. Mwajiri aliyepatikana na hatia ya kuwaonea wafanyakazi kwa sababu ya shughuli za chama chao angeweza kuamriwa mambo mawili: aache uonevu, na pia achukue hatua, kwa mfano kuwarudisha kazini waliofukuzwa. Katika muktadha huo istilahi haikuwa na maana ya uzuri wala ya kuthibitisha jambo. Ilitofautisha kutenda na kuacha tu.

Tarehe 6 Machi 1961 Rais John F. Kennedy aliiingiza istilahi hiyo katika amri iliyowataka wenye mikataba ya serikali kuchukua hatua kuhakikisha kwamba waombaji kazi na waajiriwa wanatendewa bila kujali rangi, dini au asili ya taifa lao. Ndani ya amri moja mlikuwa na wajibu wa kutenda na wajibu wa kutoangalia rangi. Miaka minne baadaye, Juni 1965, Rais Lyndon Johnson aliwaambia wahitimu wa Chuo Kikuu cha Howard kwamba si haki kumfungua mtu aliyekuwa minyororoni kwa miaka, kumfikisha kwenye mstari wa kuanzia mbio, kisha kumwambia kwamba sasa yuko huru kushindana. Septemba mwaka huo alitoa amri nyingine iliyoimarisha wajibu wa wenye mikataba. Amri hiyo ilidumu hadi ilipofutwa na Rais Donald Trump Januari 2025. Katika taswira ya Johnson hakuna anayependelewa. Kuna aliyefungwa, na kuna swali la kile anachodaiwa na waliomfunga.

3.0 Kuainisha au kudunisha

Mgogoro wa Marekani, ukiondolewa maneno ya kisheria, ni mgogoro wa fasili. Pande zote mbili zinakubali kwamba ubaguzi wa rangi ni haramu, na pande zote mbili zinatumia Marekebisho ya 14 ya Katiba, yaliyopitishwa mwaka 1868 baada ya utumwa kukomeshwa. Kinachobishaniwa ni kiini cha ubaguzi wenyewe.

Kwa upande wa kwanza, ubaguzi ni kuainisha. Serikali ikimtazama mtu kwa rangi yake, imebagua, hata kama nia yake ni njema. Mwaka 1978, katika shauri la Allan Bakke, shule ya udaktari ya Chuo Kikuu cha California huko Davis ilikuwa imetenga nafasi 16 kati ya 100 kwa waombaji wa makundi ya wachache. Mahakama iliukataa mgawo huo, ingawa iliruhusu rangi iwe jambo mojawapo la kuzingatiwa. Mwaka 2023 Jaji Mkuu John Roberts alikwenda mbali zaidi: ubaguzi wa rangi haukomi mpaka ukome wote. Jaji Clarence Thomas, ambaye mwenyewe ni Mweusi, aliongeza hoja ambayo watetezi wa sera hizi hawana budi kuisikiliza, kwamba anayeingia kwa mlango wa pembeni hubaki akishukiwa hata pale anapostahili.

Kwa upande wa pili, ubaguzi ni kudunisha. Kosa la sheria zilizowatenga Weusi katika mabehewa na shule halikuwa kwamba zilitaja rangi; kosa lilikuwa kwamba zilitaja rangi ili kuwashusha watu. Majaji Sonia Sotomayor na Ketanji Brown Jackson waliandika kwa mwelekeo huo: kutoitazama rangi katika jamii ambayo rangi bado inaamua mengi ni kuyaacha madhara yaendelee bila jina.

Hata maoni ya Jaji John Marshall Harlan ya mwaka 1896, ambayo hunukuliwa zaidi na upande wa kwanza kwa kauli yake kwamba Katiba haioni rangi, yanakataa pia kuwepo kwa tabaka tawala miongoni mwa raia. Jaji huyo aliyafunga mawazo mawili kwa kamba moja. Vizazi vilivyofuata ndivyo vilivyoikata.

Kiswahili kinaposema upendeleo, kinachukua upande wa kwanza. Kikisema fidia, kinachukua upande wa pili. Mfasiri mwenye uadilifu anahitaji neno linalokitaja kitendo na kuiacha hukumu kwa wabishani.

4.0 Fasili iliyokwishaandikwa

Neno hilo si la kubuniwa. Katiba ya Jamhuri ya Muungano wa Tanzania ya mwaka 1977, kama ilivyorekebishwa, inafasili kitenzi kubagua katika Ibara ya 13(5). Fasili hiyo haisemi kwamba kubagua ni kutofautisha tu. Inaorodhesha misingi kama kabila, rangi, dini na jinsia, kisha inaweka sharti: kutofautisha huko kuwe kwa namna ambayo watu wa aina fulani wanafanywa au kuhesabiwa kuwa "dhaifu au duni" na kuwekewa vikwazo, ilhali wengine wanatendewa tofauti au wanapata fursa iliyo nje ya sifa za lazima. Mwishoni inaongezwa kwamba neno hilo halitafafanuliwa kwa namna ya kuizuia Serikali kuchukua "hatua za makusudi" zenye lengo la kurekebisha matatizo katika jamii.

Jambo ambalo majaji wa Marekani wamelibishania kwa zaidi ya karne moja limejibiwa hapa kwa sentensi moja ya Kiswahili. Kiini cha ubaguzi ni kudunisha. Zaidi ya hayo, fasili haimpuuzi anayelalamika kwamba mwenzake amepata fursa bila sifa. Malalamiko yake yamo, lakini yanapimwa kwa kuangalia nani ameshushwa. Nayo istilahi hatua za makusudi inaibeba sawasawa maana ile ya mwaka 1935: kutenda, tena kwa kukusudia, pale ambapo kuacha tu hakutoshi.

Hata hivyo, matumizi ya Tanzania yenyewe yanaonyesha kwamba istilahi safi haitoshi. Uwakilishi wa wanawake bungeni kwa idadi isiyopungua asilimia 30 umepewa jina la viti maalumu. Jina hilo linataja mahali, na kwa kiasi kikubwa halina hukumu. Lakini Ibara ya 51 inamtaka Rais amteue Waziri Mkuu miongoni mwa wabunge waliochaguliwa kutoka majimboni. Mbunge wa viti maalumu, hata awe hodari vipi, hawezi kushika wadhifa huo akiwa katika kiti hicho. Hatua iliyokusudiwa kuondoa udunishaji imebaki na alama ya udunishaji ndani yake. Hapa shaka ya Jaji Thomas inapata mfano wake wa Kiafrika, ingawa tiba inaweza kuwa tofauti: badala ya kuviondoa viti, lingeweza kuondolewa sharti linalovifanya viwe vya daraja la pili.

Tanganyika ilikuwa na tajiriba nyingine ya awali. Utumishi wa umma wa kikoloni uliwapanga watu kwa madaraja ya Wazungu, Waasia na Waafrika. Baada ya Uhuru, Uafrikanishaji ulilenga kuyavunja madaraja hayo kwa kuwatanguliza Waafrika. Istilahi hiyo ililitaja kundi linalonufaika, si madhara yanayorekebishwa, na kwa hiyo haikuwa na mahali pa kuishia. Januari 1964 Mwalimu Julius Nyerere alitangaza kwamba tofauti kati ya raia wenye asili ya Kiafrika na raia wengine katika utumishi wa umma ikome. Uamuzi huo ulipingwa na viongozi wa vyama vya wafanyakazi. Iwe ulifanywa mapema mno au la, ulitokana na swali ambalo kila hatua ya makusudi inadaiwa: itakoma lini, na kwa kigezo gani?

5.0 Neno jema, tendo ovu

Ibara ya 13(5) ina pengo moja, nalo linaonekana vizuri zaidi ukiwa Kigali kuliko Dodoma. Maneno matatizo katika jamii ni mapana mno. Hayasemi matatizo hayo yawe yametokana na nini, wala nani ayatambue. Karibu kila serikali inaweza kukiita tatizo kile inachotaka kukirekebisha.

Chini ya utawala wa Juvénal Habyarimana, kuanzia mwaka 1973, Rwanda ilitekeleza sera iliyojulikana kwa Kinyarwanda kama iringaniza. Neno hilo lina unasaba na kitenzi cha Kiswahili linganisha, na ndani yake mna wazo la kusawazisha. Nafasi za shule na kazi ziligawanywa kwa kabila na eneo, kwa kutegemea vitambulisho vilivyotaja kabila, ambavyo vilikuwa urithi wa utawala wa Kibelgiji. Sera ilijieleza kama marekebisho ya mizania iliyoharibiwa na ukoloni, ambao ulikuwa umewatanguliza Watutsi wachache. Kwa vitendo iliwawekea Watutsi dari ambayo bidii yao isingeweza kuivuka, tena katika nchi ambayo walikuwa hawana tena mamlaka. Kuhesabiwa huko kwa makabila kulikuwa sehemu ya mazingira yaliyotangulia mauaji ya kimbari ya mwaka 1994.

Iringaniza linathibitisha kwamba neno zuri halikingi chochote. Linaonyesha pia kwamba kutaja ubaguzi wa zamani hakutoshi kuihalalisha hatua ya leo, kwani hata iringaniza lilikuwa na historia ya kuitaja. Kilichokosekana ni kuigeuzia sera yenyewe kipimo kilekile kinachotumika kuuhukumu ubaguzi: je, nayo inawafanya watu wa aina fulani kuwa duni?

Burundi ilichukua njia nyingine. Kufuatia Mkataba wa Arusha wa mwaka 2000, Katiba ya mwaka 2005 iliweka wazi kwamba Bunge liwe na asilimia 60 ya Wahutu na asilimia 40 ya Watutsi, wanawake wasipungue asilimia 30, na Watwa wapate nafasi 3. Makundi yalitajwa kwa majina, lakini lengo lilikuwa kuhakikisha kwamba hakuna kundi litakaloweza kulitawala jingine peke yake. Katiba ya mwaka 2018 iliudumisha mgawo huo na kulipa Baraza la Seneti miaka 5 ya kutathmini kama uendelee au ukomeshwe. Rwanda na Burundi zote zilihesabu makabila. Aliyeshikilia kigezo cha kuainisha peke yake angezihukumu sawa. Anayeuliza nani anadunishwa na nani anakingwa huona tofauti mara moja.

6.0 Uganda na swali la anayenufaika

Katiba ya Uganda ya mwaka 1995, katika Ibara ya 32, inaziba sehemu ya pengo la Ibara ya 13(5). Inaitaka serikali kuchukua hatua kwa ajili ya makundi yaliyowekwa pembeni kwa sababu ya jinsia, umri, ulemavu au sababu nyingine yoyote iliyotokana na historia, mila au desturi, ili kuondoa tofauti zilizopo dhidi yao. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inakwenda njia hiyohiyo: Ibara ya 27(6) inazifungamanisha hatua hizo na madhara yaliyotokana na ubaguzi uliopita, na ibara ndogo inayofuata inadai kwamba manufaa yatolewe kwa msingi wa uhitaji halisi.

Sharti hilo la uhitaji si la mapambo. Tangu mwaka wa masomo 1990/91, wasichana walioomba kuingia Chuo Kikuu cha Makerere waliongezewa pointi 1.5. Idadi yao chuoni iliongezeka, na hilo ni tunda la kweli. Lakini ukosoaji uliojirudia ni kwamba walionufaika zaidi walikuwa wale waliosoma shule nzuri katika familia zenye uwezo, huku msichana wa wilaya ya mbali, ambaye hakufika hata kidato cha mwisho, akibaki alipo. Hoja kama hiyo imetolewa Marekani dhidi ya vyuo vinavyowadahili Weusi wa tabaka la kati na kudhani kwamba vimelipa deni la utumwa.

Watetezi wa neno upendeleo wanaweza kusema hapa kwamba neno lao lina ukweli: mtu mwenye uwezo akiongezewa pointi kwa jina la mnyonge, huko ni kupendelewa. Hoja hiyo inakubalika, na ndiyo sababu neno hilo lisifutwe katika mjadala. Litumike kama tuhuma inayoweza kuthibitishwa au kukanushwa dhidi ya hatua fulani. Kasoro ni kuligeuza tuhuma hiyo kuwa jina la sera zote. Vilevile si vyema kuikimbilia istilahi fidia au urekebishaji kama jina la jumla, kwa kuwa nayo hudai kwamba jambo limekwisharekebika kabla halijapimwa. Kijana aliyekosa nafasi, awe Mwasia wa California au mvulana wa Mbarara, ana haki ya kuelezwa sababu kwa maneno ambayo hayajamhukumu kuwa mpinga haki.

7.0 Hitimisho na mapendekezo

Uhakiki huu umeonyesha kwamba istilahi za Kiswahili katika uwanja huu hutofautiana kwa kile zinachokitaja: upendeleo hutaja moyo wa mtoaji, Uafrikanishaji hutaja kundi, viti maalumu hutaja mahali, na hatua za makusudi hutaja kitendo. Hiyo ya mwisho ndiyo pekee inayoweza kutumiwa na pande zote mbili za mjadala bila upande mmoja kushindwa kabla ya kusema.

Kwa wafasiri wa sheria na washauri wa sera, mapendekezo ni matatu. Kwanza, istilahi hatua za makusudi itumike kwa ukawaida katika nyaraka za Kiswahili za nchi wanachama, na upendeleo liachwe kuwa jina la kosa. Pili, fasili ya ubaguzi ijengwe juu ya udunishaji kama ilivyo katika Ibara ya 13(5), lakini maneno matatizo katika jamii yafungamanishwe na madhara yanayotajika, kama zilivyofanya Uganda na Kenya. Tatu, kila hatua ipimwe kwa vipimo viwili vilivyoandikwa ndani yake: madhara gani inayarekebisha, na je, yenyewe inamdunisha nani, awe aliyeachwa nje au hata yule iliyokusudia kumwinua? Kipimo hicho cha pili kingelifichua iringaniza mapema, na kinaligusa pia sharti linalowazuia wabunge wa viti maalumu.

Nao muda wa tathmini ubainishwe. Mwaka 2003 Jaji Sandra Day O'Connor alitarajia kwamba baada ya miaka 25 vyuo vya Marekani havitahitaji tena kuzingatia rangi. Mahakama hiyohiyo ilizifunga hesabu baada ya miaka 20, bila madhara kuwa yamekwisha. Tarehe ya ukomo isiyo na kigezo cha ukomo ni ahadi kwa upande mmoja na tishio kwa upande mwingine. Mfasiri hawezi kukiweka kigezo hicho kwa niaba ya bunge, lakini anaweza kulikabidhi bunge neno ambalo haliwazuii wajumbe kukitafuta.